Cheo Kilichomwangukia Elia

Jumatatu, 4 Februari 2013

Zipu na mapindo kutwa nzima. Yule mama wa koti la kijani amerudi tena, eti bado linambana. Si koti linalombana, ni Krismasi. Nimemwachia kidogo kwenye mishono, akaondoka ameridhika.

Nimemchukua Elia shuleni. Anakohoa. Tramu imejaa, Brussels yote imo ndani, tumesimama hadi kwetu Schaerbeek. Nilikuwa nakaanga mayai simu ilipolia. Mama mkwe, kutoka Uingereza. Hajanipigia hata mara moja tangu tumzike mume wangu Tom, na siku ile ya mazishi alinipa ncha za vidole badala ya mkono. Amesema mzee amefariki. Baba yake Tom. Nikasema pole mama, Mungu amlaze pema. Halafu akauliza mtoto yuko wapi. Hakuuliza hajambo. Aliuliza yuko wapi. Nikasema yupo hapa nyumbani. Akasema vizuri, asiende popote. Akakata.

Mayai yameungua. Mzee mwenyewe sikumjua hata nimlilie. Sasa mbona mlango nimeufunga mara mbili?

Jumatano, 6 Februari

Shule nusu siku leo. Nilimwacha Elia kwa jirani, Maman Mwamba, nikawahi kurudi dukani. Huko ndiko simu ilikonikuta. Mwanamke, mwanasheria wa ukoo wa kina Tom, London. Sauti laini, ya kubembeleza mtoto ameze dawa.

Nilijua baba yake Tom ni Lodi, cheo cha makabaila wa Kiingereza. Lodi Aldermoor. Tom alikuwa akitania nacho hicho cheo, anasema ni kama kipara, kinashuka kwa wanaume wa ukoo tu na hakuna anayeulizwa. Tom ndiye aliyekuwa mwana wa kwanza. Tom hayupo. Kwa hiyo, anasema mwanasheria, huenda Lodi ni Elia.

Nikamwambia hatukitaki. Akasema si kitu cha kutaka. Hakuna kuapishwa, hakuna kuvishwa. Mzee anapokata roho, saa ileile cheo kinakuwa cha anayefuata, awe amelala, awe anakula. Akifika miaka ishirini na moja anaweza kukikataa. Kabla ya hapo hakuna mtu wa kumkatalia, hata mama yake.

Nilicheka. Kweli, nilicheka mbele ya mteja. Mtoto wangu Jumamosi, siku mzee alipokufa, alikuwa amevaa soksi zisizofanana anakula chipsi na mayonezi, na kumbe kitu kilikuwa kinamshukia na mimi nimekaa pembeni sioni.

Sasa sicheki. Nimeogopa.

Alhamisi, 7 Februari

Sikulala. Nimekumbuka Tom alivyonisimulia shule yao ya bweni. Alipelekwa ana miaka minane. Baba yake alipelekwa vilevile, na babu yake. Alikuwa analilia chooni ili wenzake wasimsikie. Aliapa mtoto wake hatakanyaga pale.

Elia ana miaka tisa. Kwa hesabu yao amechelewa.

Jumapili, 10 Februari

Ibada, kisha chai kwa Maman Mwamba. Ni Mkongo wa Lubumbashi, amekaa mji huu miaka mingi, anajua shida za kila ghorofa ya jengo letu. Nimemweleza yote. Nilitaka anicheke, aniambie najitisha bure. Hakucheka. "Eh, mama Elia, ku Lubumbashi bwana akikufa, famille yake banakuya. Banakamata nyumba, banakamata na batoto."

Halafu akanipa jingine. Ijumaa kuna Mzungu alisimama mlangoni chini, anasoma majina kwenye kengele. Akamuuliza kama mtoto anaishi na mama yake au na watu wengine. Maman Mwamba akamwambia hajui kitu. Anasema ana viatu vizuri.

Viatu vizuri! Nimeshuka ngazi mbio. Nimefunga mlango, nimeweka na kiti.

Jumanne, 12 Februari

Likizo ya karnivali. Elia nimekwenda naye dukani, amekaa chini ya meza ya kukatia anachora. Bosi hakupenda. Potelea mbali.

Pasipoti zetu nimezihamishia kwenye mkebe wa unga. Mwalimu wake nimempigia kwenye simu yake: shule ikifunguliwa, asichukuliwe na mtu yeyote ila mimi. Mwalimu akauliza kuna tatizo la baba? Nikasema baba alikufa. Akasema samahani. Nikasema tatizo ni babu, naye amekufa. Nadhani ameniona chizi.

Elia ameniomba hadithi ya malodi. Baba yake alikuwa akimsimulia kabla ya kulala, moja kwa kila kidole. Wa kwanza alikuwa mfanyabiashara wa meli, alimkopesha mfalme meli zake akalipwa cheo. Wa pili akajenga nyumba kubwa, akaandikisha kwamba nyumba itafuata cheo milele, anayekuwa Lodi ndiye mwenye nyumba. Wa tatu alicheza kamari akauza kila kisichofungwa. Wa nne alizaa mabinti watupu, basi alipokufa akaja mwana wa mdogo wake kutoka mbali, na wale mabinti na mama yao wakatoka na masanduku. Wa tano ndiye huyo aliyekuja, alirudi vitani bila mkono. Wa sita ndiye babu. Elia anauliza, mama zao walikuwa nani? Tom hakuwahi kusema, nami sijui. Mimi nilisimulia hadi wa sita nikaishia hapo. Yeye akashika kidole cha saba akasema, huyu alikuwa awe baba.

Nikaenda jikoni nikafungulia maji.

Ijumaa, 15 Februari

Shemeji amekuja. Mdogo wake Tom. Tumeonana mkahawani Chaussée d'Ixelles, karibu na dukani kwangu, maana nyumbani sikumtaka. Ana macho ya Tom. Hilo limeniudhi kabla hajafungua mdomo.

Maneno yake mazuri. Anajua naogopa. Anasema mama yake amekwisha kuulizia nafasi ya Elia katika ile shule, na kwamba mama yake akitaka jambo hupata majaji wa kumsaidia. Halafu akanipa njia. Sheria yao ya vyeo iko hivi: mtoto aliyezaliwa kabla ya ndoa hakirithi cheo, hata wazazi wakioana kesho yake. Mimi na Tom tulioana hapa komyuni, ofisi ya serikali ya mtaa Schaerbeek, Elia akiwa na miaka miwili. Hilo liko wazi. Kinachomsumbua mwanasheria ni zile shughuli za kwetu Upareni kabla Elia hajazaliwa. Kama zile ni ndoa, Elia ni Lodi. Kama zile zilikuwa sherehe tu ya kukaribisha mgeni, Lodi ni yeye shemeji, na mimi na mwanangu hatutasikia tena habari zao maisha yetu yote.

Anataka nikiulizwa niseme tu tulioana komyuni. Basi.

Nikamuuliza, wewe unakitaka cha nini? Akasema kuna nyumba. Ni mzigo, anasema, ni ya kuuzwa.

Nilimwambia nitafikiri. Uongo. Nilikuwa nimeshaamua nitasema anavyotaka. Kwa woga mtu anauza hata jina lake.

Jumamosi, 16 Februari

Nimefua, nimepiga pasi, nimefikiri.

Mwanasheria ameniandikia ujumbe: nimpe tarehe ya ndoa ya kimila. Tarehe moja. Hawa watu bwana. Nimpe ipi? Siku mshenga alipokuja na barua kwa Baba Mkubwa, na Tom ameachwa nje chini ya mvua kwa kuwa mwoaji hasemi mwenyewe? Siku wazee walipokunywa dengelua, pombe yetu ya miwa, na kumlazimisha Tom amalize kibuyu? Siku ng'ombe walipopanda mlima, mmoja akakataa kuvuka kijito na shangazi zangu wakasema ananifaa huyo? Siku mchungaji alipotuombea sebuleni? Siku niliposindikizwa nikilia machozi ya heshima? Ndoa yetu ilikuwa kama mvua za vuli, hujui ilianza saa ngapi, unajua tu umelowa.

Lakini nilikuwa mke. Nilipokuja Ubelgiji na tumbo la Elia, nilikuja nikiwa mke wa mtu. Hapa ndipo penye ugumu. Nikisema kweli wanamchukua. Nikisema uongo anabaki kwangu, lakini anabaki mtoto wa nje, na baba yake anakuwa mwanamume niliyekuwa nakaa naye.

Jumatano, 20 Februari

Niandike haraka kabla sijajidanganya.

Mwanasheria amekuja Brussels. Amekodi chumba karibu na Porte de Namur. Mezani simu ya spika. Upande mmoja, kutoka kijijini kwetu Mbaga, Baba Mkubwa, kaka yake marehemu baba, ndiye aliyenitoa. Upande mwingine mkalimani, kijana wa Kenya aliyeko London. Mimi nikaambiwa nikae, nisimjibie shahidi.

Baba Mkubwa anapiga kelele kwenye simu kama anaongea na mtu wa mlima wa pili. Alieleza vizuri sana. Mshenga, dengelua, ng'ombe, mbuzi, mkaja wa mama, sala. Mwanasheria anaandika, anaandika. Naona ukurasa unajaa. Kila mstari ni hatua ya Elia kuelekea ile shule.

Kisha akauliza: je, mwoaji alileta vyote alivyotakiwa kuleta?

Baba Mkubwa akacheka. Akasema, aa, wapi! Blanketi la bibi mpaka leo halijaletwa.

Alisema kwa fahari. Mimi niliisikia ile fahari. Kwetu mahari haimalizwi. Anayemaliza yote ni kama amenunua, hana sababu ya kurudi tena kwa wakwe. Wazee huacha kitu makusudi, ili ukwe uendelee kupumua. Mkalimani akatafsiri neno kwa neno, sawasawa kabisa, kazi yake si kueleza mila. Mwanasheria akainua kalamu. Akauliza tena: kwa hiyo haikukamilika? Baba Mkubwa, kwa furaha: haikukamilika!

Mwanasheria akafunga kalamu. Akanitazama kwa huruma. Alidhani ameniumiza.

Nami nikanyamaza. Nilikuwa na maneno yote mdomoni na nikanyamaza.

Alhamisi, 21 Februari

Nimelala usingizi wa mtoto. Nimeamka mwepesi. Elia ni wangu. Nimempikia chapati kabla ya shule, jambo lisilotokea siku za kazi.

Saa sita shemeji amepiga. Wamemwambia. Ana furaha, ananishukuru kwa busara yangu. Akasema daima atakumbuka kwamba nilikuwa rafiki mwema wa kaka yake.

Rafiki.

Nimeshona mkono wa koti kinyume. Nimefumua, nimeshona tena kinyume.

Jumapili, 24 Februari

Sikwenda ibada. Nimempigia Baba Mkubwa. Alikuwa anasubiri, anataka kujua Wazungu wamesemaje, maana alijiona ametoa ushahidi wa nguvu. Nikamweleza walivyoelewa.

Kisha akaongea polepole, na yeye si mtu wa polepole. Akasema Tom alilileta lile blanketi. Alilinunua Same, jekundu, zito, akapanda nalo. Wazee ndio waliomrudisha nalo. Wakamwambia, hili utaleta siku nyingine. Tom akaelewa, akacheka, akaenda nalo. Mimi nilikuwa ndani na shangazi, hilo sikulijua.

Nilijua la mila. La blanketi lenyewe sikulijua.

Akauliza: na wewe ulikuwa wapi wakati wakiyaelewa vibaya? Nikasema nilikuwa hapohapo. Akauliza: ulikuwa umefungwa mdomo? Nikasema naogopa, baba, watanichukulia mtoto. Akasema, kuogopa si kosa. Lakini umemfanya mumeo mpita njia, na mimi umenifanya mzee niliyegawa binti wa ndugu yangu bure. Akasema nimsalimie Elia. Akakata yeye kwanza. Hajawahi.

Mchana wote nimelia. Elia akaniletea katuni nitazame naye, ndicho anachojua kufanya mtu akilia.

Jumatatu, 25 Februari

Nimepiga simu London wakati wa mapumziko, nimesimama choo cha dukani, mahali pekee penye mlango. Kiingereza kimenikimbia nusu. Nikamwambia mwanasheria: nilikuwa mke. Blanketi lilirudishwa na wazee, makusudi, na muulizeni mtu yeyote wa kwetu, Mpare, Mchaga, Msambaa, atawaambia mahari iliyokwisha ndiyo ya kutilia shaka. Ndoa yangu ilikuwa nzima kuliko yenu.

Sikukusudia hilo la mwisho.

Akauliza kwa nini sikusema Jumatano. Nikasema: kwa woga. Nikasikia anaandika. Akasema atatafuta wakili wa Tanzania amweleze sheria ya kule inasemaje kuhusu ndoa za kimila. Akaniuliza kama naelewa maana yake kwa Elia. Naelewa.

Nilipokata simu nilitapika. Bosi akauliza kama nina mimba. Wewe bosi, mimba ya nani?

Jumamosi, 2 Machi

Hakuna simu. Kila kengele ya mlangoni nakimbilia dirishani. Elia aliangusha sufuria leo, nikampigia kelele hadi akajificha chooni. Nimemwomba radhi. Amesema, mama, wewe unaogopa nini? Nikasema bili ya gesi.

Ijumaa, 8 Machi

Wamejibu. Wakili wa Dar es Salaam amethibitisha. Ndoa ya Upareni ni ndoa, na Elia alizaliwa ndani yake. Mwanangu ni Lodi Aldermoor, wa saba. Mwanasheria amesema hongera. Halafu, bila kupumua: mama mkwe anakuja Brussels Jumanne. Peke yake. Hataki mwanasheria, hataki shemeji. Anataka kuzungumza na mimi.

Nikamuuliza mwanasheria wazi: wanaweza kumchukua? Akasema wewe ni mama yake, hakuna anayeweza. Akasema yule mtu wa mlangoni alikuwa ametumwa na ofisi yao, kuhakikisha anwani tu. Sauti ileile ya dawa. Simwamini. Wenye nyumba kubwa wana njia zao, na karatasi zangu za ukaaji zinafanywa upya mwezi wa sita.

Jumapili, 10 Machi

Nimefungasha begi. Nguo za Elia, pasipoti, picha ya Tom. Binamu yangu yuko Antwerp. Treni zipo kila saa.

Nimemwambia Maman Mwamba. Ameniambia nikikimbia ndiyo nitakuwa nimewapa sababu. "Bon, miye nitakuwa ku salon yako. Nitakaa pale, sitasema kintu. Akigusa mutoto, ataniona." Maman Mwamba ana mwili, sebule yangu yote ataijaza. Imenisaidia kidogo.

Begi sijalifungua.

Jumanne, 12 Machi

Theluji. Mji umesimama, tramu hazitembei, treni ya London haikuja. Nilikuwa nimevaa, nimepika, nimekaa tangu asubuhi kama mtu anayesubiri hukumu. Saa nane ujumbe: atakuja Jumamosi.

Siku nyingine za hivi sitaziweza. Ningependa aje amalize.

Jumamosi, 16 Machi

Amekuja.

Nilifungua mlango tayari nimekunja uso. Mbele yangu kibibi. Kwenye mazishi niliona mwanamke mrefu, sijui urefu ule ulikuwa wapi. Amepanda ngazi zote akiwa na mkoba mkubwa, hapumui vizuri. Bitana ya koti lake imechanika kwapani, jicho langu lilikwenda huko lenyewe. Maman Mwamba amekaa kwenye sofa, mikono kifuani, kimya kama alivyoahidi. Elia akasema shikamoo bibi, nilivyomfundisha. Akamtazama mtoto muda mrefu. Hakumgusa. Mikono akaificha chini ya mkoba.

Sikungoja chai. Nilisimama nikasema yote niliyoyapanga wiki nzima. Haendi. Hatalala bweni. Cheo chenu mkitaka kikae kichwani mwake, lakini kichwa chake kitalala hapa. Mkinipeleka mahakamani nitakuja. Mkija na polisi nitapiga kelele hadi Basilika ya Koekelberg, ng'ambo ya mji, wanisikie. Nilisema kwa Kiingereza, mwisho kwa Kiswahili.

Akasikiliza hadi mwisho. Akasema sawa.

Halafu akauliza: unataka nitoke lini?

Sikuelewa. Nikasema utoke wapi, umefika sasa hivi. Akasema, nyumbani. Nyumba ni ya Lodi. Mjane wa Lodi aliyekufa huondoka, anaingia mama au mke wa Lodi mpya. Yeye alipoolewa alimwona mama mkwe wake mwenyewe akitoka na masanduku kwenye gari la kuku, na hakumzuia, hakwenda kumtazama hata mara moja mpaka alipokufa. Hivyo ndivyo ilivyokuwa. Sasa zamu yake. Tangu siku ya mazishi ya mumewe anasubiri barua yangu. Shemeji alimwambia nitamtoa wiki ya kwanza, kwamba ninamchukia kwa sababu ya ule mkono wa mazishini. Lakini shemeji naye akishinda angeiuza nyumba amtafutie kitanda kwenye makao ya wazee. Kwa hiyo alikuwa amewaza: mtoto akija kusoma kule, akawa anarudi kila likizo, labda mama yake ataona afadhali bibi abaki, awepo mtu wa kumfungulia mlango.

Ndiyo maana aliuliza mtoto yuko wapi.

Alisema haya yote akiangalia zulia langu. Ana miaka zaidi ya themanini. Amekuja kwa treni peke yake kwenye theluji kuniuliza mimi, fundi wa zipu, kama nitamfukuza.

Mungu wangu. Mimi naweka kiti mlangoni, naye kule anafungasha.

Nilikaa chini. Nilitaka kumkasirikia, hasira haikuja. Nikamwambia, mama, kwetu mkwe hafukuzwi na mke wa mwanawe. Mke ndiye anayekuja nyumbani kwa mkwe na kuonyeshwa jiko liko wapi. Kaa kwako mpaka Mungu akuite. Akauliza nataka nini badala yake. Nikasema sitaki kitu. Halafu nikasema, ndiyo, nataka: mtoto anakaa na mimi, na likizo tutakuja wote wawili, na siku hizo hutanipa vidole.

Alilia. Analia vibaya, kama mtu asiyejua inavyofanywa. Maman Mwamba ndiye aliyeinuka, akamkumbatia mzima mzima, mkoba na vyote. "Pole, maman," akasema. Mimi nikaenda kukoroga chai kwa kuwa nami nilikuwa nalia.

Jumapili, 17 Machi

Treni yake ni kesho. Amelala kitandani kwa Elia, Elia amelala kwangu, amenipiga mateke.

Asubuhi nimemweleza Elia habari ya kidole cha saba. Ameuliza kama kuna upanga. Nimesema sidhani. Ameuliza kama atakwenda shule Jumatatu. Nimesema ndiyo, na kwamba shuleni asiseme. Akasema hakuna atakayemwamini. Kisha akauliza kama baba yake angefurahi, nikasema angecheka kwanza.

Nimempigia Baba Mkubwa. Nimemwambia yote. Ameuliza huyo mkwe wangu anakula nini, nikasema kidogo sana. Akasema nimpikie uji.

Theluji inayeyuka, barabara imechafuka. Koti la mama mkwe liko mapajani mwangu, bitana karibu imekwisha. Elia anataka kuwasha televisheni. Nimemkataza. Nimemwambia, subiri, bado Mama amelala kitandani kwako.